Kwa Nini Paka Huchagua Chakula

Katika nyanda za juu za Ufipa hakuna nyumba ya mkulima isiyojua hasara ya panya. Mahindi yakiisha kuvunwa, na maharage na ulezi vikiisha kuwekwa ghalani, panya huhama mashamba yaliyobaki matupu wakaja majumbani, hasa miezi ya baridi, Juni na Julai. Kwa sababu hiyo watu wa Pito, karibu na mji wa Sumbawanga, hufuga paka, kama wakulima wengine wote wenye ghala wafanyavyo.

Walakini paka huyo huyo huleta manung'uniko. Mama mwenye nyumba humwekea tonge la ugali; paka hulinusa, akageuka, akaenda zake. Kesho yake humpa ugali uliochovywa katika mchuzi wa dagaa. Naye huramba mchuzi, akaacha ugali. Siku ya tatu humpa dagaa wenyewe, naye hula wawili watatu, akawaacha waliobaki wakaliwa na kuku. Ndipo husemwa, "Paka huyu ana kiburi. Anyimwe chakula mpaka ashike adabu." Na wengine huongeza kwamba paka mwenye njaa ndiye awindaye vizuri. Maneno hayo mawili yametangaa sana, wala hayana kweli. Na mtu ayafuataye hupoteza paka kwanza, kisha hupoteza mahindi.

Wazee wa pwani walisema, "Paka hashibi kwa wali, matilabaye ni panya." Matilaba ni jambo alitakalo mtu moyoni. Watu huitumia methali hii kwa kusemea tabia za wanadamu, lakini tukiichukua kwa maana yake iliyo wazi, yasema kweli tupu juu ya mnyama mwenyewe, nayo ilisemwa zamani sana kabla wataalamu hawajaithibitisha kwa vipimo vyao.

Tuutazame kwanza mwili wa paka. Ng'ombe ana tumbo lenye vyumba vinne, na meno mapana ya kusaga majani. Mwanadamu ana magego ya kusagia nafaka, na utumbo mrefu wa kuiyeyusha. Paka hana hayo. Taya lake huenda juu na chini tu kama mkasi, wala haliendi kando kwa kando. Meno yake ni ya kuchoma na kukata. Utumbo wake ni mfupi. Yeye ni mla nyama halisi, na hawezi kuwa kitu kingine. Mbwa huweza kuishi kwa makombo ya ugali na maharage, ingawa atakonda, maana mbwa amekwisha kuzoea chakula cha wanadamu tangu zamani. Paka akilishwa hivyo, asiweze kuwinda, huugua.

Jinsi augavyo imejulikana vizuri. Katika nyama mna kitu kiitwacho taurini. Mwili wa mwanadamu huweza kujitengenezea kitu hicho, bali mwili wa paka hutengeneza kidogo mno, kisichomtosha, na nafaka hazina taurini hata kidogo. Mwaka 1975 wataalamu wa Marekani walionyesha kwamba paka akosaye taurini huharibika sehemu ya nyuma ya jicho, akapofuka polepole. Mwaka 1987 wataalamu wa chuo kikuu cha California, mjini Davis, walionyesha tena kwamba upungufu huo huo hulegeza moyo wa paka hata akafa. Nao paka walioonekana na ugonjwa ule hawakuwa paka wa maskini: walikuwa wakilishwa vyakula vya kununuliwa dukani, vilivyotengenezwa kwa ajili ya paka, ila taurini yake haikutosha. Baadaye watengenezaji waliongeza.

Tena ziko sababu nyingine. Sisi tukila majani ya maboga au viazi vitamu vyenye rangi ya manjano, mwili hugeuza rangi ile kuwa vitamini A, ilindayo macho na ngozi. Paka hawezi kuigeuza. Yampasa aipate tayari, ndani ya ini na nyama ya mnyama aliyekwisha kumla. Tena nyama humpa arginini, ambayo kazi yake ni kuusaidia mwili kutoa uchafu ubakio baada ya kuyeyusha protini. Paka akila mlo mmoja tu usio na arginini, huweza kutapika na kulegea baada ya saa chache. Basi mnyama wa namna hii akinusa tonge la ugali akaliacha, hana kiburi.

Ama utamu, paka haujui kabisa. Mwaka 2005 wataalamu wa taasisi moja ya Philadelphia, Marekani, ichunguzayo mambo ya ladha na harufu, ijulikanayo kwa jina la Monell, walieleza kwamba sehemu moja ya urithi wa mwili wa paka, ambayo kwa wanyama wengi hufanya kazi ya kuonja sukari, imeharibika na haifanyi kazi. Hali hiyo wanayo paka wa nyumbani, na chui milia, na duma pia. Kwa hiyo uji wenye sukari, ambao mtoto huulilia, kwa paka ni maji mazito tu. Akionekana akiuramba, ni maziwa au mafuta yaliyomo ndiyo ayatakayo.

Kwa maneno mafupi, kile tunachokiita sisi kitoweo ndicho chakula cha paka. Na kile tunachokiita chakula, kwake si kitu ila chombo cha kubebea kitoweo. Mwalimu awafundishaye watoto na awaeleze hivi, watafahamu upesi.

Sasa tuje kwenye swali la pili: mbona hata dagaa huacha? Hapa yafaa kukumbuka kwamba paka hakuumbwa kula mlo mmoja mkubwa. Simba humwua punda milia akala mpaka akashindwa kuinuka, kisha hulala. Paka mawindo yake ni madogo. Paka mzima wa kilo 4 huhitaji kwa siku chakula kinacholingana na panya wadogo wa nyumbani wanane au zaidi kidogo, nao huwakamata mmoja mmoja, mchana na usiku. Tumbo lake limezoea kidogo kidogo, mara nyingi. Akila dagaa watatu akaondoka, amekula mlo wake; atarudi baada ya saa mbili tatu. Kuku wakila alichobakiza, kosa si lake. Na chombo kiwekwe juu ya kizingiti au rafu asipofika kuku wala mbwa, kwa kuwa paka hapendi kula huku akitazama nyuma.

Jambo la tatu ni harufu. Ulimi wa paka una vionjeo vichache sana kuliko ulimi wetu, bali pua yake ni kali mno kuliko yetu. Yeye huamua kwa pua kama kitu chaliwa au hakiliwi. Na chakula cha baridi hakitoi harufu. Ufipa ni nchi ya juu, na usiku wa Julai watu hulala karibu na moto. Chakula kilicholala jikoni usiku ule, asubuhi kimekuwa kigumu na kimya, hakina harufu yo yote. Paka hukinusa, na kwake ni kama jiwe. Panya aliyekamatwa sasa hivi ana joto la mwili, na joto hilo ndilo apendalo paka katika chakula. Basi mtu akikichukua chakula kile kile kilichokataliwa, akakitia mchuzi wa vuguvugu, mara nyingi kitaliwa papo hapo. Kisiwe cha moto, kidole kivumilie. Wengi wamemwita paka mchaguzi kwa ajili ya baridi tu.

Jambo la nne ndilo la ajabu zaidi. Paka hufundishwa chakula na mama yake. Mtoto wa paka aanzapo kuacha kunyonya, humtazama mama alavyo, akala kile kile. Mwaka 1978 mtaalamu mmoja wa Marekani, Bi. Wyrwicka, alitoa habari za majaribio yake: aliwazoesha paka majike kula ndizi, kitu ambacho paka hakitaki kamwe. Watoto wao walipokuwa pamoja nao wakati wa kuanza kula, walikula ndizi kama mama zao, ingawa palikuwa na nyama karibu. Na baadhi yao waliendelea kula ndizi hata walipokuwa peke yao. Msomaji asicheke. Habari hii yaonyesha kwamba paka wa mwambao wa Ziwa Tanganyika, aliyezaliwa Kasanga au Kirando penye samaki wabichi kila siku, akiletwa juu Sumbawanga akapewa maini, huenda akayakataa siku nyingi. Na paka wa bucha akipewa dagaa wakavu huwashangaa. Kila mmoja ameshika mafundisho ya nyumbani kwao.

Tena paka ana kumbukumbu ya ubaya. Akila kitu, kisha akatapika au akaugua, hata kama kitu kile hakikuwa sababu ya ugonjwa, hatakitaka tena kwa muda mrefu. Ndiyo maana haifai kumtilia dawa ya minyoo katika chakula akipendacho kuliko vyote. Atakichukia chakula, na dawa ataiacha.

Sasa tuyatazame maneno ya kwamba paka ashinde njaa ili awinde. Hayo yamepimwa. Mwaka 1976 mtaalamu aitwaye Adamec alieleza jinsi alivyowapa paka chakula wakipendacho, na walipokuwa wakila akawaonyesha panya. Waliacha chakula, wakamwua panya, wakamleta karibu na sahani, kisha wakaendelea kula kile chakula cha kwanza! Kuwinda na kula ni mambo mawili kwa paka. Macho yake yakiona kitu kidogo kikikimbia, mwili hurukia, ameshiba au hakushiba. Njaa huongeza bidii kidogo, ni kweli. Lakini yaongeza pia kutangatanga. Paka asiyepewa kitu nyumbani kwake huenda akakaa kwa jirani, au jalalani, au msituni, na ghala ikabaki bila mlinzi.

Jambo hilo la kukaa ndilo lenye faida kubwa, na Waingereza walilichunguza katika mashamba yao. Bwana Charles Elton wa Oxford aliandika mwaka 1953 habari za paka wa mashambani, aliowaangalia tangu siku za vita vikuu vya pili. Aliona kwamba panya wakiisha kuondolewa kwanza kwa njia nyingine, paka waliweza kuwazuia wasirudi katika majengo, mradi wapewe maziwa kila siku ili wasihame. Wasipopewa, walitawanyika. Aliona pia kwamba ulinzi wao haukufika mbali. Ulikuwa karibu na majengo tu. Na katika nchi ya Eswatini, kusini mwa Afrika, uchunguzi uliotangazwa mwaka 2017 ulionyesha kwamba katika miji ya wakulima yenye paka na mbwa pamoja, panya walipunguza matembezi yao kwa hofu. Penye paka peke yake au mbwa peke yake, tofauti hiyo haikuonekana.

Kwa hiyo tusimpe paka sifa zisizo zake. Yuko panya shamba, ambaye wataalamu wa Chuo Kikuu cha Kilimo cha Sokoine, Morogoro, wamemchunguza kwa miaka mingi. Jike lake lina chuchu nyingi kuliko panya wengine, na huweza kuzaa watoto kumi na zaidi kwa mara moja. Mwaka wa mvua njema huongezeka kupita kiasi, na hakuna paka awezaye kuwamaliza. Kazi ya paka ni mlangoni mwa ghala. Kazi ya mwenye ghala ni kuziba matundu, kufyeka nyasi kandokando, na kuinua kihenge juu ya miguu yenye vizuizi vya bati.

Neno la sumu nalo nalitaja, kwa sababu paka wengi hufa kwayo. Mtu akiona paka wake hali ugali, humdhani mvivu, akanunua sumu ya panya sokoni. Sumu zilizo nyingi haziui papo hapo; panya hutembea siku kadhaa, amelegea, naye ndiye rahisi kukamatwa. Paka humla, na sumu ikaingia katika damu yake, ikaizuia isigande. Baada ya siku chache paka huacha kula, ufizi wake huwa mweupe, huenda akatoka damu puani. Mwenye nyumba asiyejua husema, "Amerudia ukaidi wake." Na atakapokufa, panya waliosalia watazaa kwa raha. Mahali palipo na sumu paka asiwepo, na penye paka sumu isiwepo. Kuichanganya sumu na mahindi na kuyaacha penye watoto, hilo sina haja ya kulieleza.

Hapa tumefika kwenye sehemu ipasayo kusomwa kwa uangalifu kuliko zote. Kuchagua chakula ni jambo moja, na kukataa chakula chote ni jambo lingine kabisa. Paka mchaguzi huacha ugali akala panya. Ni mchangamfu, manyoya yake yamelala vizuri, hujilamba. Paka mgonjwa hukataa hata kile akipendacho. Huenda ana jino bovu au kidonda kinywani: atakikaribia chakula kwa hamu, akakionja, akakitupa. Huenda ana mafua, na pua yake imeziba, hata hasikii harufu. Mpangusie pua kwa kitambaa chenye maji ya vuguvugu. Huenda ana minyoo, au mfupa umemkwama. Paka mkubwa asipokula kabisa siku mbili au tatu, mafuta ya mwili wake huanza kujaa katika ini, na ini likaharibika. Paka mnene ndiye aliye katika hatari zaidi. Mtoto wa paka asingojwe hata siku moja. Basi yule asemaye, "Njaa itamfundisha," huweza kumwua kwa somo hilo. Mpelekeeni habari bwana mifugo.

Wako wasemao kwamba paka akikataa chakula ameona mchawi, au ameonja uchawi ndani yake. Wenyeji wenyewe hueleza kwamba jina la Sumbawanga maana yake ni "tupa uchawi". Na wakazi wa pale wasingekosea wakianza na huu wa paka.

Maradhi moja ni ya kuogopwa na watu wote, nayo ni kichaa cha mbwa, ambacho huwapata paka pia. Paka aliyekuwa mpole akiwa mkali ghafula, au aliyekuwa mchangamfu akajificha gizani, akaacha kula, akatoka udenda, akashindwa kumeza, akayumba, asiguswe. Mtu asimfumbue kinywa kutafuta mfupa. Akimwuma mtu au kumparura, jeraha lioshwe mara hiyo kwa sabuni na maji mengi yatiririkayo kwa muda wa dakika 15, na mtu aende hospitali siku ile ile akachanjwe, hata kama jeraha ni dogo kama la mwiba. Dalili za ugonjwa huo zikiisha kumtokea mwanadamu, karibu kila mara hufa. Paka huweza kuchanjwa tangu umri wa miezi mitatu, kama mbwa wachanjwavyo, nao waletwe siku ya chanjo ndani ya kikapu kilichofungwa.

Watu watauliza, basi tumpe nini, sisi ambao nyama twaila kwa nadra? Jibu si gumu. Dagaa wa Ziwa Tanganyika hufika Sumbawanga wakavu. Wachache huloweshwa katika maji ya moto mpaka chumvi itoke na mwili ulainike. Vichwa na matumbo ya samaki yachemshwe, maana samaki wengine wakiliwa wabichi kila siku huharibu vitamini ya B1 katika mwili wa paka. Utumbo wa kuku, moyo, mapafu, vipande avitupavyo mchinjaji, vyote ni chakula chake. Ini ni zuri mara moja kwa juma, si kila siku, kwa kuwa likizidi hudhuru mifupa ya shingo. Yai lililopikwa hulipenda. Mifupa ya kuku iliyopikwa asipewe, wala mchuzi wenye vitunguu, ambavyo huharibu damu ya paka. Maziwa wengine huyaweza, wengine huwaharisha, akiharisha mwachisheni. Maji safi yawepo siku zote, mbali kidogo na chakula. Ugali kidogo uliolowa mchuzi wa dagaa haumdhuru, mradi tusijidanganye kwamba huo ndio uliomshibisha; panya watamaliza hesabu iliyobaki.

Na mtu atakaye paka asiyemsumbua, na aanze tangu utotoni. Mtoto wa paka asitengwe na mama yake kabla ya majuma manane. Aanzapo kuonja chakula, mwenye nyumba aweke mbele ya mama vitu vingi kidogo kidogo, leo dagaa, kesho utumbo wa kuku, keshokutwa yai, ili mtoto aone mama akila vyote. Ukienda kwa jirani kuomba paka, muulize mama yake alikuwa akila nini, ukampe mtoto kitu hicho hicho juma la kwanza. Kisha kila siku chache changanya robo ya chakula cha nyumbani kwako, ukiongeza polepole, mpaka kile cha kwanza kiishe.